Mshenga Mwenye Pua Ndefu: Namna ya Kuigeuza Tamthilia Kuwa Opera, Tukianzia Sironga

Katika Ekegusii, lugha yetu Abagusii wa Kenya, mshenga huitwa esigani. Ndiye anayetumwa kwa wazazi wa binti, ndiye anayejua mifugo ya upande mmoja na tabia ya upande wa pili, na neno lake hufungua mlango au huufunga. Sasa mfikirie esigani anayempenda binti huyo kuliko bwana harusi mwenyewe, lakini amenyamaza kwa sababu ya sura yake. Anamwandikia mwenzake barua za mapenzi. Anamnong'onezea maneno gizani chini ya dirisha la binti. Binti anakubali, na anayefunguliwa mlango ni yule mwingine.

Hicho ndicho kisa cha Cyrano de Bergerac, tamthilia ya Edmond Rostand iliyochezwa mara ya kwanza mjini Paris mwishoni mwa Desemba 1897. Mshenga ni Cyrano mwenye pua ndefu, bwana harusi ni Christian, na binti ni Roxane. Mwaka 1976, huko Tallinn, kisa hicho kilipanda jukwaani kikiwa opera ya Kiestonia: muziki wa Eino Tamberg, maneno ya Jaan Kross. Nimekichagua kiwe mfano wetu kwa sababu kinaingia Gusii bila kubisha hodi, na kwa sababu Waestonia wanafanana nasi katika jambo moja kubwa. Ni watu wa kwaya. Tamasha lao la kwanza la nyimba la taifa lilifanyika Tartu mwaka 1869, na mpaka leo maelfu yao husimama pamoja na kuimba. Nchi nzima ina watu takriban milioni 1.3. Sensa yetu ya 2019 ilihesabu Abagusii zaidi ya milioni 2.7.

Nazitaja hesabu hizo kwa makusudi kabisa. Kila ninapozungumza na walimu wenzangu wa kwaya, hakosekani wa kusema kwamba opera ni ya watu wenye okestra na kumbi za mahameli. Sikubali. Ukiwa na sauti nne zilizoshikana, mtu wa kuandika solfa ubaoni, na kisa kinachouma, unayo mahitaji ya kuanzia. Sauti nne tunazo: pita karibu na kanisa la Waadventista alasiri ya Sabato usikie besi zinavyobeba wimbo. Wasichana wa shule za hapa Sironga, Nyamira, wamezoea jukwaa la drama na la muziki tangu mwaka wao wa kwanza. Kilichobaki ni kuyakutanisha majukwaa hayo mawili.

Kwanza, kisa ni cha nani?

Kabla hujakata hata mstari mmoja, hakikisha una haki ya kukata. Sheria ya Kenya hulinda kazi ya mwandishi kwa miaka 50 baada ya kifo chake. Rostand alifariki mwaka 1918, kwa hiyo tamthilia yake ni huru. Lakini wengi wetu hatuisomi kwa Kifaransa, tunaisoma kwa Kiingereza, na tafsiri nayo ina mwenyewe. Ile ya Brian Hooker ya mwaka 1923 imeshatoka kwenye ulinzi huo hapa kwetu, maana Hooker alifariki mwaka 1946. Ile ya Anthony Burgess bado, kwa kuwa alifariki mwaka 1993. Muziki wa Tamberg, aliyefariki mwaka 2010, na maneno ya Kross, aliyefariki mwaka 2007, usiyaguse bila ruhusa. Tunachojifunza kwao ni njia waliyopita.

Ukitaka kuimbisha tamthilia ya Kiswahili, kama Kigogo ya Pauline Kea au Mabepari wa Venisi katika tafsiri ya Mwalimu Nyerere, mwandikie mwandishi au mchapishaji barua ya heshima na ungoje jibu. Ni kazi ya ukurasa mmoja. Nimeona wanafunzi wakilia nyuma ya pazia kwa sababu barua hiyo haikuandikwa kwa wakati.

Kata bila huruma

Kuimba hula muda. Chukua beti mbili uzisome kwa sauti ukiwa na saa mkononi, utatumia kama nusu dakika. Wape kwaya, waongeze kiitikio, na dakika mbili zimekwisha. Tamthilia ya saa tatu ukiiimba yote, watu watakesha.

Giuseppe Verdi alipoitunga Otello, iliyochezwa mwaka 1887, mwandishi wake Arrigo Boito aliliondoa onyesho zima la kwanza la Shakespeare, lile la Venisi, akaanza moja kwa moja na dhoruba ya Kipro. Huo ndio ujasiri unaotakiwa. Rostand ana maonyesho matano: ukumbi wa michezo, duka la mwoka mikate, usiku wa dirishani, vita vya Arras, na bustani ya watawa miaka 15 baadaye. Kwa kwaya ya shule au ya kijiji, ningeliacha la kwanza lote pamoja na pambano lake la upanga. Baki na mapatano ya Cyrano na Christian, dirisha, vita, na bustani. Dakika 50 zinatosha, na kama unalenga tamasha la shule, soma kanuni za mwaka huo kwanza kisha upunguze tena.

Kwaya usiipange mstari nyuma kama pambo. Ipe mwili ndani ya kisa. Teno na besi ni wanajeshi wenye njaa kule Arras. Soprano na alto ni watawa wa bustanini. Kama wote ni wasichana, basi Cyrano aimbwe na alto mwenye sauti nzito ya kifua. Hakuna ubaya: Mozart, katika Ndoa ya Figaro ya mwaka 1786, alimpa mwanamke sehemu ya kijana Cherubino, na mpaka leo huimbwa hivyo. Usimpe Cyrano wako masafa ya zaidi ya oktava moja na noti mbili tatu. Ana maneno mengi, na koo likichoka hayo maneno ndiyo yatakayopotea.

Maneno kabla ya tuni

Hapa ndipo kazi nyingi huharibikia, na hapa nitakaa.

Kosa lililoenea ni hili: mwalimu anapata tuni nzuri, pengine ya wimbo wa kanisani, kisha anayasukuma maneno ya Kiswahili yaingie humo kama magunia ndani ya matatu. Kross hangeweza kufanya hivyo hata angetaka. Kifaransa huweka uzito mwishoni mwa kifungu, Kiestonia huuweka mwanzoni mwa neno. Ilimbidi aanze upya. Nasi Kiswahili chetu huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, karibu kila mara. Tuni isiyojua hilo huligeuza neno likawa la kigeni masikioni mwa mama aliyekaa mstari wa tatu.

Rostand aliandika mistari ya mizani 12 yenye vina viwiliviwili. Usiihesabu mizani yake. Sisi tuna utenzi, mizani minane kwa mshororo, mwepesi kuimbika na unaoweza kusimulia. Tuseme Cyrano yuko gizani chini ya dirisha, naye umemwandikia hivi:

Sina uso wa kuonwa,
nina neno la kusemwa,
nalo giza nimepewa,
unisikie sauti.

Mizani imetimia, minane kila mshororo. Vina vipo. Ukiusoma kimya ubeti huu hauna kasoro. Sasa usome kwa sauti ukipiga kofi penye mkazo. Mshororo wa kwanza: SI-na U-so wa ku-O-nwa. Makofi yako yako kwenye silabi ya 1, ya 3 na ya 7. Wa pili: NI-na NE-no la ku-SE-mwa. Ni 1, 3 na 7 tena. Wa tatu vilevile. Wa nne: u-ni-si-KI-e sa-U-ti. Kofi limeruka likaangukia silabi ya 4. Ukitunga tuni moja ya mishororo yote minne, huo wa mwisho utaimbwa U-ni-SI-kie, na hakuna mtu hapa Nyamira wala Mombasa anayesema hivyo. Waimbaji watahisi kuna kitu kinakwaruza bila kujua ni nini, na wewe utadhani hawajafanya mazoezi.

Dawa ni mojawapo kati ya mbili. Mpe mshororo wa nne tuni yake, jambo ambalo mara nyingi hupendeza kwa sababu ubeti unafunga kwa sura mpya. Au badilisha maneno: "sikiliza tu sauti." Si-ki-LI-za tu sa-U-ti. Kofi limerudi kwenye 3 na 7, na silabi ya 1 haina shida kubeba noti. Mimi ningebadilisha maneno, kwa kuwa usiku ule Cyrano anahitaji wimbo unaotulia.

Kuna mawili madogo ya kuandika pembeni mwa daftari. Noti ndefu iweke penye mkazo: vuta ile "o" ya kuonwa, halafu "nwa" ianguke fupi. Kwaya nyingi huvuta silabi ya mwisho kwa sababu ndipo tuni ya kizungu inapotua, na neno linabaki likining'inia. La pili, ile "m" ya mtu, mti, mlango ni silabi kamili. Ipe noti yake. Wakiimba "mlango" kwa noti mbili, umepoteza mzani na mzani huo utakudai mbele ya safari.

Ekegusii ukikiingiza, na nashauri ukiingize angalau kwenye maombolezo, kazi inaongezeka. Ni lugha ya toni: sauti ikipanda au kushuka mahali pasipo pake, neno linaweza kubadilika. Tena irabu zake ni saba ingawa tunaziandika kwa herufi tano, kwa hiyo mwimbaji aliyekulia kwingine hataweza kuyasoma maneno kwenye karatasi akaimba sawa. Mwombe omong'ina mmoja anayekijua vizuri akuambie kila sentensi polepole, mara tatu. Usiandike alichosema, kiimbe kwa mdomo uliofungwa kufuata sauti yake ilivyopanda na kushuka. Huo mlio ndio mbegu ya tuni yako. Na chunga maneno yanayofanana: katika Ekegusii "baba" ni mama, na baba ni "tata". Mtoto akilia "baba!" jukwaani, nusu ya ukumbi itamtafuta mama na nusu nyingine baba.

Majina nayo yaandike yaimbike. Nyerere alipotafsiri Shakespeare alimwita Juliasi Kaizari, na hakuna aliyelalamika. Andika Sirano, andika Roksana, kila silabi ipate irabu ya kushikia.

Maneno yakishakaa, yafanyie majaribio mbele ya watu. Huko Kamirithu, Limuru, mwaka 1977, Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ walipoandaa Ngaahika Ndeenda, mazoezi yalikuwa wazi, na wakulima na wafanyakazi waliokuja kutazama walisahihisha Kikuyu na nyimba za waandishi hao. Serikali iliuzima mchezo huo mwezi Novemba mwaka huohuo, na kabla mwaka haujaisha Ngũgĩ wa Thiong'o akakamatwa. Watawala waliogopa kwa sababu maneno yale yalikuwa ya watu wenyewe. Basi toa mazoezi yako chumbani. Waache akina mama wanaotoka kuchuma majani chai wakae kwenye nyasi wasikilize. Wakicheka mahali pasipo kicheko, andika upya mshororo ule.

Na usifanye yote peke yako. Kule Kampala, Byron Kawadwa aliandika mchezo wa Oluyimba lwa Wankoko na Wassanyi Serukenya akautungia muziki. Tamberg alikuwa na Kross. Mtu wa maneno na mtu wa muziki wakikaa meza moja hubishana, na ubishi huo huokoa kazi.

Mahali pa obokano

Watu huniuliza obokano, ala yetu ya nyuzi, iingie wapi. Wengi huibandika mwanzoni, wageni wanapoingia, kisha inasahaulika kinanda kikianza. Rostand mwenyewe ametuachia nafasi. Katika vita vya Arras wanajeshi wana njaa kali, wamekata tamaa. Cyrano anamwita mzee aliyewahi kuwa mchungaji wa mifugo apige filimbi nyimba za kwao Gascony, na wanaume wale wanasahau tumbo na kulilia nyumbani. Hapo, na hapo tu, ingiza obokano. Nyuzi zake nane na ule mngurumo mzito unaotikisa kifua zitafanya kazi ambayo hakuna kinanda kitakachoiweza.

Zima kinanda kabisa wakati huo. Obokano hukazwa nyuzi kufuata sikio la mpigaji na sauti ya mwimbaji, na ukilazimisha ifuate vibonyezo vya kiwandani, ala zote mbili zitasikika mbovu. Mpigaji aje mapema. Ngozi hulegea kwa unyevu, na mvua zetu za alasiri unazijua, kwa hiyo ala ikae penye ukavu na joto na ikazwe tena dakika chache kabla ya onyesho. Besi na teno waimbe chini yake kwa mdomo uliofungwa, bila neno.

Mpigaji umlipe. Mzee mwenye ujuzi huo si wa kushukuriwa kwa soda.

Upande wa ratiba ni mfupi. Nusu ya waimbaji wako pengine ni Wasabato, basi Ijumaa jioni usiiguse, na onyesho la Jumamosi lianze baada ya jua kuzama. Kama ni kwaya ya kanisa, waone wazee wa kanisa kabla ya mazoezi ya kwanza, wasimulie kisa chote hadi mwisho. Ni kisa cha mtu aliyelinda siri na heshima ya mwenzake mpaka kufa. Ukikieleza hivyo, na ndivyo kilivyo, watakuelewa.

Pua ya Cyrano itengeneze kwa vipande vya gazeti na uji mzito wa unga wa ngano, juu ya umbo la udongo, tabaka tano au sita, kila moja ikauke. Iache wazi chini kabisa. Mwimbaji huvuta pumzi kwa pua, na ukimziba atakosa hewa katikati ya mshororo. Mjaribu kwa kumwambia aimbe mdomo ukiwa umefungwa: mlio ukibanwa, panua matundu. Iwe ndefu, lakini isiwe ya kuchekesha. Rangi yake ilingane na uso wake. Tunataka watu waisahau ifikapo onyesho la mwisho.

Barua gizani

Na onyesho hilo la mwisho ndilo sababu ya kazi yote hii.

Miaka 15 imepita. Christian alikufa vitani, na Roxane anaishi kwa watawa, akiibeba kifuani barua ya mwisho anayoamini ni ya marehemu. Cyrano humtembelea kila Jumamosi. Leo amekuja akiwa amejeruhiwa kichwani, bendeji ameificha chini ya kofia. Anaomba aisome barua ile. Anaanza kusoma kwa sauti, jua linazama, giza linaingia, naye anaendelea. Roxane anageuka. Hakuna mwanga wa kusomea. Mtu huyu anaisema barua kwa moyo, kwa hiyo aliyeiandika ni yeye, na aliyekuwa chini ya dirisha usiku ule ni yeye.

Ili watazamaji walijue hilo pamoja na Roxane, sekunde ileile, lazima uwe umepanda mbegu mapema. Tuni ya "Sina uso wa kuonwa" iliyoimbwa dirishani ndiyo itakayobeba barua. Lakini usiilete yote mara moja. Cyrano aanze barua kwa tuni nyingine, ya kawaida, karibu na usemi, macho yakiwa kwenye karatasi. Kwenye mshororo wa tatu au wa nne noti za dirishani zianze kujitokeza, mbili, kisha nne. Macho yayaache maandishi. Karatasi ishuke taratibu hadi magotini. Mwanga upunguzwe kidogo kidogo, na kama ukumbi wako una kandili tu, mtawa mmoja aibebe aondoke nayo polepole akitoka bustanini. Cyrano anapofika kwenye tuni ya dirishani nzima, kinanda kiwe kimenyamaza, kwaya imenyamaza, na karatasi hakuna anayeweza kuiona.

Mwambie anayemwimba Roxane asipige ukelele. Aimbe mshororo wa pili pamoja naye, kwa sauti ya chini: "nina neno la kusemwa." Aliusikia mara moja tu, miaka 15 iliyopita, na hajausahau.

Zoezi hili lifanyeni gizani kweli tangu wiki ya kwanza. Waimbaji waliozoea kumtazama mwalimu mkononi hupotea taa zikizimwa, kwa hiyo wafundishe kupumua pamoja kwa kusikilizana. Wakae karibu, bega kwa bega. Cyrano akivuta pumzi, Roxane aisikie.

Akifa, watawa wasiimbe wimbo wa mazishi. Obokano ipige uzi mmoja mzito, mara moja, mpigaji auache ulie mpaka ukome wenyewe. Hesabu kimoyomoyo hadi kumi, ndipo yule mtawa arudi na kandili.